Shela ya Ukungu ya Chelimo

Jumatatu, 13 Januari 1969
Ukungu haba. Nimepanda mlima hadi mashamba ya chai kabla ya mapambazuko, nikapata uzi wa kufuma upana wa kiganja tu. Januari ni mwezi mbaya kwa sisi wasokota ukungu — jua linatoka kabla vidole havijapata baridi. Lakini shela ya Chelimo imefika kiunoni. Imelala chunguni, kwenye giza, baridi kama pua ya ndama. Jumamosi ataingia nayo kanisani Kapsoit alfajiri. Jua likitoka itayeyuka yenyewe, bwana arusi aone uso wake. Wasichana wa huku wote wanataka hivyo.

Baba yake, Mzee Kipyegon, alipita kuniletea maziwa. Akasema marehemu mke wake aliolewa na shela kama hii, na baba yangu ndiye aliyeifuma. Yule mama tulimzika mwaka juzi.

Jumanne, 14 Januari
Mke wangu Rebeccah ameungua. Maji ya kuoga — jiko liliinama, sufuria ikamwagika. Mkono wa kulia, kutoka kiwiko mpaka vidole. Mkono wake wa kuchuma chai. Dresa wa zahanati amepaka dawa, akasema vidonge vya maumivu vimeisha, tungoje wiki ijayo. Mke wangu halii. Anauma leso. Afadhali angelia.

Hata watoto wa kampi yetu ya wachuma chai wanajua uzi wa ukungu unazima moto wa ngozi. Nikasimama mbele ya chungu. Nikasimama sana. Halafu nikafumua shela kidogo, kwenye ukingo wa chini, nikamfunga mkono. Akashusha pumzi ndefu, akalala mdomo wazi kama mtoto wetu Atuti, ambaye sasa yuko Kisii kwa nyanya yake. Shida ni kwamba juu ya kidonda uzi unakaa siku moja, halafu ni maji tu.

Jumatano, 15 Januari
Ukungu hakuna. Nimefumua tena.

Alhamisi, 16 Januari
Leo ukungu ulitokea kidogo bondeni, nikaukimbilia. Ukanikatikia mkononi.

Rebeccah ameuliza natoa wapi uzi. Nikasema kule kijitoni.
"Kepher, kijito kilikauka kabla ya Krismasi."
Akaamka, akafunua chungu kwa mkono wa kushoto. Akaangalia ndani, akakaa chini.
"Msichana wa watu anaolewa mara moja tu. Mkono utapona."
Mtu anatetemeka, utambishia nini? Jioni nilimlisha uji kwa kijiko, akasema nimezidisha sukari. Nimefurahi sana kulaumiwa.

Ijumaa, 17 Januari
Nimeenda kwa Mzee Kipyegon kumwambia mwenyewe. Alikuwa anakamua. Nikamweleza.
"Imebaki kiasi gani?"
Nikamwonyesha kwa mikono: kama kitambaa cha kichwa. Akaendelea kukamua mpaka maziwa yakaisha.
"Mwambie Chelimo wewe. Mimi siwezi."

Chelimo alikuwa jikoni, shangazi yake anamsuka. Nikasema yote, nikiwa nimesimama mlangoni na kofia mkononi. Shangazi akakasirika — kwamba wangejua, wangetafuta fundi mwingine kule Kipkelion. Ana haki. Chelimo aliuliza kitu kimoja tu.
"Mama Atuti analala?"
Nikamwambia, akifungwa, analala.
"Basi mfunge na leo."
Nimerudi nyumbani nikifuta macho barabarani, mtu mzima na ndevu zangu. Rebeccah alikataa kabisa. Nikangoja ashikwe na usingizi kidogo, nikamfunga.

Jumamosi, 18 Januari
Alfajiri, anga safi. Hakuna ukungu hata wa kudanganya.

Wamepitia hapa wakienda kanisani, waimbaji na wote. Chelimo akainama mlangoni na gauni lake jeupe. Akasema kwa sababu hana mama, anataka Rebeccah ndiye amvike. Rebeccah akasimama. Hajasimama namna hiyo tangu Jumanne. Akamvika shela kwa mkono mmoja, akikaza fundo kwa meno. Ikaishia puani.

Akaiangalia. Halafu akaanza kufungua uzi wa mkono wake.
"Mama Atuti, acha."
"Huu wa juu haujagusa kidonda. Bado mzima. Kepher ataunganisha, itafika kidevuni."
"Siwezi kuvaa maumivu yako."
"Siyo maumivu. Ni usingizi ulionipa. Nimelala wa kutosha."
Alisema hivyo na jasho limemjaa usoni.

Chelimo amemshika juu ya kiwiko, pale pasipoungua. Rebeccah hajaachia ncha ya uzi. Wameinamiana, vichwa vyao vimegusana, na hakuna anayevuta. Wote wawili wananiamuru — mmoja akisema unganisha, mwingine akisema usithubutu. Naandika nimesimama kando ya kabati kwa sababu sijui niweke wapi mikono yangu. Nje wameacha kuimba. Mwanga wa jua umeshafika kwenye vilele vya mikaratusi, unashuka kuelekea ukuta wetu. Mzee Kipyegon ameingia bila kubisha hodi. Amevua koti lake la arusi, anaziba nalo dirisha, jua lisiufikie uzi.