Bati la Bluu Lililobaki na Mkunjo Mmoja

MAELEZO YA SHAHIDI

Jina: Akilimali Asukulu
Umri: miaka 36
Kazi: kibarua wa kunyoosha mabati
Makazi: Buyenzi, avenyu ya 9. Amezaliwa Baraka, Zaire.
Elimu na lugha: darasa la nne. Kiswahili. Hajui Kirundi.
Yamechukuliwa: Bujumbura, Alhamisi, tarehe 24 Agosti 1995, saa 3.10 asubuhi.

Nimekuja mwenyewe, sikukamatwa. Karatasi yangu ya ugeni ilikwisha muda mwezi wa tano. Nasema mapema ili msije mkaniuliza katikati.

Nafanya kazi kwa Salvator, anayeuza mabati yaliyotumika. Uwanja wake uko Kanyosha. Mabati yanatoka kwenye nyumba zilizobomolewa katika vita hivi, mengi ni ya mtaa wa Cibitoke. Yanafika yamekunjamana, tunayanyoosha kwa nyundo ya mti juu ya gogo, kisha yanauzwa tena.

Hapa lazima nieleze jambo ambalo kila mnyoosha mabati analijua. Bati linashika sauti za wakati lilipokunjwa. Ukigonga mkunjo, sauti zinatoka, watu wanaongea kama wamesimama karibu yako. Zinatoka mara moja tu. Mkunjo ukishanyooka zimekwisha, hata ugonge siku nzima. Sisi tunasema bati limetapika. Mwenzangu Jovithe, ambaye ni Mrundi, huimba kwa nguvu anapogonga, asisikie. Mi sikuwa naimba. Salvator alinipa mabati ya Cibitoke kwa sababu sisikii Kirundi. Alisema mbele ya wote, "Huyu Muzairwa ana masikio ya bure, mumpe hayo." Tulicheka. Hata mi nilicheka.

Mnamo Jumanne tarehe 22 Agosti, kama saa nne asubuhi, nilichukua bati moja lililopakwa rangi ya bluu. Lilikuwa na mikunjo miwili. Niligonga wa kwanza. Sauti ya mwanaume ilisema, kwa Kiswahili, "Salva, apana. We ulikula pilau kwangu siku ya Idi. Mwavita alikupakulia na mikono yake."

Ikajibu sauti nyingine. Hiyo naijua, ndiyo inayotupangia kazi kila asubuhi. Ilisema, "Nilikula, Shakuru. Ilikuwa tamu. Toka nje."

Nilisimamisha nyundo. Jovithe alikuwa ameacha kuimba.

Mwavita namfahamu. Anauza sambusa kwenye lango letu. Mumewe Shakuru, makanika, alikuwa amejenga Cibitoke. Watu wa mwisho walipohama huko, mwezi wa sita, alirudi kuchukua vyombo vyao, na tangu siku hiyo hajaonekana. Mwavita anauliza kila gari linaloingia. Anasema kama mumewe amekufa akae eda, kama yuko hai aendelee kumtafuta. Siku moja aliniambia, "Mi si muke, si mujane. Mi ni mutu wa sambusa tu." Salvator naye hununua kwake. Nimemsikia akimwambia, "Vumilia, mama, atarudi."

Saa sita mchana Salvator alikuja tulipokuwa. Aliliona bati la bluu, akasimama. Aliniuliza, "Akilimali, hili limesema nini?"

Nilijibu, "Sijui, patron. Mi sisikii Kirundi."

Alicheka, akanipiga begani. "Basi maliza."

Nadhani alisahau aliombwa kwa lugha gani. Watu wa Bujumbura wanatoka lugha hii na kuingia ile bila kujijua. Anayeangalia ni yule aliyetoka mbali.

Nilisema mkono unaniuma, nikaliweka bati chini ya mengine. Salvator alipoondoka, Jovithe aliniambia, "Piga huku unaimba, ndugu yangu. Una watoto." Ni kweli, ninao wanne, wako Baraka na mama yao.

Jana Jumatano, saa kumi na moja jioni, nililitoa lile bati na kulibeba kichwani hadi kwangu. Huo ni wizi, nakubali.

Tangu mwezi wa tatu nimenyoosha mabati mengi sana ya Cibitoke. Yalisema Kirundi. Wengine walikuwa wanaongea polepole, wengine wanalia. Mwanamke mmoja aliita jina lile lile mpaka mkunjo ukaisha. Nilikuwa nafikiri kwa kuwa sielewi, hayanihusu. Yote yamenyooka. Niliyemaliza sauti zao ni mi.

Bati liko hapa nje, limeegemea ukuta. Mkunjo mmoja umebaki, kwenye kona. Sijaugonga. Naomba Mwavita aitwe kwanza, ugongwe akiwa amesimama hapo. Msimruhusu mtu yeyote aujaribu kabla hajafika, hata kwa kidole.

Sina lingine la kueleza. Nimesomewa yote, ni maneno yangu. Afande ameniuliza kama nataka neno "wizi" liondolewe. Libaki.

(Sahihi) Akilimali A.

Maelezo ya ofisa: Nimeandika mimi, Sajini Tajudini. Mwavita aliitwa, akafika saa 5.40 na beseni lake la sambusa. Shahidi aligonga mkunjo mbele yetu. Ilisikika sauti ya mwanaume akitamka shahada. Ilikatika kabla ya jina la Mtume. Hakuna mtu mwingine aliyesikika, kwa hiyo dhidi ya Salvator lipo neno la shahidi peke yake. Jovithe ametafutwa uwanjani na nyumbani, hajapatikana.

Mwavita aliimalizia shahada. Alisema eda yake inaanza leo. Kisha aliomba bati ligongwe tena. Nilimweleza. Aliomba tena. Liligongwa mara tatu. Lilitoa mlio wa bati.