Bismillahi Tisa Katika Mstari Mmoja

Jumatatu, 8 Septemba 2025

Shangazi Mwatum kapiga simu kutoka Matemwe. Tovuti ya sabuni za mwani za kikundi chao, niliyowatengenezea likizo, inafunguka polepole mno. Kasema aliibonyeza, akaenda kuanua nguo, akarudi, kiduara bado kinazunguka. Alicheka. Mimi sikucheka. Jumamosi anakuja Bi Riyama, mnunuzi wa hoteli moja ya Uroa. Ataiangalia kabla ya kuamua kama atachukua sabuni zao.

Kaka Anuar kasema bora wangempa kazi hiyo mtu mzima.

Jumanne, 9 Septemba

Skripti tisa, yaani faili za maagizo ya kompyuta. Faili sita za mitindo, za rangi na sura ya ukurasa. Simu ya Shangazi inatumwa mara kumi na tano — kama mtu kwenda Darajani kununua nyanya, akarudi, akaenda tena kwa kitunguu! Dawa nimeisoma maktaba: kuziunganisha, halafu kuzibana, kuondoa nafasi zote zisizo na kazi. Nimeandika programu ndogo ya kubana. Mitindo sita imekuwa moja na rangi zote ziko palepale. Raha!

Jumatano, 10 Septemba

Msiba. Nimebana skripti, ukurasa umekufa. Kitufe cha kuagiza hakibonyezeki. Anuar kachungulia: kweli inakwenda mbio, ishaondoka.

Alhamisi, 11 Septemba

Nimeijua! Katikati ya somo la Jiografia — nusura ninyooshe mkono, mimi nisiyenyoosha kamwe!

Kila skripti nimeianza kwa Bismillahi, kama Bibi alivyonifunza kuanza kazi yoyote. Mbele yake niliweka alama inayoiambia kompyuta: ruka mpaka mwisho wa mstari. Programu yangu imegeuza kila kitu kuwa mstari mmoja. Basi kompyuta ikaruka Bismillahi ya kwanza na yote yaliyofuata.

Ningezifuta tu. Mkono umekataa. Nikamuuliza Bibi, mtu akishona nguo tisa kwa mkao mmoja, aseme Bismillahi ngapi?

"Moja yatosha, mwanangu. Maadam hukuinuka."

Nimebakisha moja, juu kabisa, kwa alama yenye kufungua na kufunga, kompyuta ijue pa kuacha kuruka. Kitufe kimefufuka! Ukurasa unafunguka kwa sekunde mbili tu. Lakini hapa ni Mjini, mtandao una nguvu.

Jumamosi, 13 Septemba

Matemwe. Nimejibanza nyuma ya maboksi ya sabuni, naandika. Mtandao kijiti kimoja. Bi Riyama keshafika. Shikamoo yangu ilitoka nusu. Kaitikia, kisha kauliza fundi wa tovuti yuko wapi. Shangazi kanionyesha kwa kidevu, Bi Riyama kanitazama tena.

Sasa kashika simu yake. Shangazi kainuka, anaelekea kwenye kamba ya nguo. Makusudi!

"Bonyeza, Bi Riyama. Mie nnakwenda kuanua."

Hajatoa hata kibanio cha kwanza — picha zote zishatoka! Shangazi kabaki na mkono juu.

"Na hapa pa kuagiza," kauliza Bi Riyama, "nikibonyeza inakuwaje?"

Wote wamegeukia maboksi. Shangazi ananiita.

Naam —