Niliahidi Kutogonga Ukuta

Jumatatu, 2 Juni

Siku ya tatu kwa binti yangu. Ghorofa ya nane, lifti inapanda kimya kimya kama inanyemelea. Maji ya moto muda wote, kitanda kipana mpaka najitafuta humo. Sina la kulalamika — ila vigae vitatu vya bafuni. Viwili nyuma ya mlango, kimoja chini ya sinki. Vinalia tupu, gundi haikufika nyuma yake. Nilivigonga kwa sarafu yangu asubuhi ya kwanza, kabla hata sijapiga mswaki. Miaka thelathini na moja ya kupiga magoti na kubandika vigae! Mkono haujui kuwa umestaafu. Mazoea yana taabu.

Binti alinisikia kutoka chumbani kwake. Nikamwambia ni vitatu, vibovu. Mama, acha kugonga kuta za watu!

Jioni hii kaniletea tiketi. Matembezi ya nusu siku, keshokutwa: mahekalu mawili ya kale, kisha majengo mapya ya mjini, na kituo cha mwisho ni Ukumbi wa Muziki. Wake! Yaani si wake peke yake, lakini ule ukuta mzima wa mawe pale mapokezi, yeye ndiye msimamizi. Miaka miwili. Ukumbi unafunguliwa rasmi Jumamosi. Angeweza kunipeleka mwenyewe. Hataki. Anataka nikauone pamoja na wageni wengine.

"Si kama fundi, mama. Kama mtu tu."

Kisha akanishika mikono yote miwili. Niahidi hutagonga kitu. Nikaahidi. Mimi nilikuwa nacheka, yeye hakuwa anacheka.

Jumanne, 3 Juni

Nimechua magoti. Nimeosha raba. Sarafu naiacha mezani kesho — makusudi! Ni ya zamani, hata dukani haipokelewi tena, ukingo umelika upande mmoja mpaka unakaa kidoleni kama uliopimwa. Nisipokuwa nayo sitashawishika.

Mvua imenyesha kutwa. Ikinyesha na kesho nitakwenda hivyo hivyo.

Jumatano, 4 Juni

Nimerudi. Nimekaa sebuleni, viatu bado miguuni. Niandike kwa mpangilio, maana nikianzia mwisho nitaharibu yote, na yote yalikuwa mazuri. Mazuri mno!

Basi dogo, watu kumi na mmoja. Mwongozaji ni mama mwembamba mwenye mwavuli wa njano, anauinua juu ili tusipotee. Nikambatiza Mwavuli. Pembeni yangu mzee mstaafu na kamera shingoni — huyo alipiga picha hadi mkanda wa kiti. Mzee Picha.

Hekalu la kwanza ni la mawe matupu. Hakuna saruji, hakuna chokaa, jiwe juu ya jiwe, miaka mia nane. Niliingiza ukucha kwenye kiungo. Haukuingia! Nikajaribu kingine, haukuingia. Mwavuli anatueleza habari za mfalme aliyelijenga, wake zake wangapi, vita vingapi. Nikanyoosha mkono kama mwanafunzi: mfalme hakushika patasi, nani alichonga? Akasema majina yao hayakuandikwa. Halafu akanitazama vizuri, akaniita nyuma ya nguzo ya mwisho, mahali ambapo wageni hawapelekwi.

Chini kabisa, kwenye mawe: alama ndogo ndogo. Samaki. Mkasi. Nyayo. Kila fundi na alama yake, ili msimamizi ajue jiwe lipi ni la nani, na likiwa bovu ajue wa kumwuliza. Nikachutama, magoti yakalia kama mlango mbovu, nikaligusa lile la samaki. Nikasema shikamoo. Kimoyomoyo nilidhani, kumbe kwa sauti. Mzee Picha akanipiga picha.

La pili ni dogo, jeupe nje, na ndani — lo! Kuta zote, dari, hata ngazi, zimebandikwa vipande vya sahani na vikombe vilivyovunjika. Mwavuli anasema wanawake wa mtaa huo walileta vya kwao, kila nyumba kapu moja. Nikaona mdomo wa birika. Nikaona nusu ya ua jekundu, nikaitafuta nusu ya pili, nikaikuta upande wa pili wa dirisha! Aliyebandika alizitenganisha kwa makusudi ili mtu atafute. Safu moja imekwenda upogo karibu na dari. Nadhani fundi alikuwa amependa mtu. Nilitamani kugonga, mikono nikaifunga nyuma. Ahadi ni ahadi.

Kisha majengo mapya. Maktaba ya zege tupu, haina lipu wala rangi. Nikamwambia Mzee Picha kwamba wamesahau kumalizia. Mwavuli akasikia, akacheka, akasema ndivyo ilivyokusudiwa, mbunifu kapata tuzo kwa hilo. Nikaangalia tena. Mistari ya mbao za kumwagia zege bado inaonekana, hadi vifundo vya mti. Kweli bwana. Bila lipu huwezi kuficha kosa hata moja. Hao wana moyo.

Halafu Ukumbi.

Tuliingia watu kumi na mmoja wenye midomo, tukanyamaza wote. Ukuta ni wa rangi ya asali. Unaanzia mlango mkubwa, unapinda, unapinda tena, mpaka kwenye ngazi, na viungo vya mawe vinafuatana bila kukatika. Mimi najua kazi hiyo! Kwenye ukuta uliopinda kila bamba linakatwa kwa pembe yake. Ukikosea unene wa kadi mlangoni, ukifika kwenye ngazi umekosea kidole kizima. Nilifuata mstari mmoja kwa macho hatua baada ya hatua. Haukukosea popote. Machozi yakanitoka, nikasema basi. Nikamwambia Mzee Picha: hii kazi ya mwanangu. Naye hana siri, akawatangazia wote, wakapiga makofi! Mwavuli akanisimamisha mbele ya ukuta nipigwe picha. Nilijisikia bibi harusi.

Nikaegemea. Mikono nyuma, kama ilivyokuwa tangu asubuhi. Sarafu ilikuwa nyumbani, lakini vidole nilikuwa navyo. Kimoja kikagonga chenyewe. Sauti nzito, ya kitu kilichoshiba. Raha! Nikagonga bamba lingine. Limeshiba. Nikasogea pole pole, natabasamu kwenye kamera, nagonga, mpaka mlango wa pembeni.

Tok.

Nikarudia. Tupu. La juu yake, tupu. Nikaazima mwavuli, nikajifanya najinyoosha mgongo, nikagonga kwa mpini juu zaidi. Tupu. Mabamba sita, kila moja uzito wa mtoto wa miaka mitatu. Chini yake wameweka benchi.

Najua ni nini. Ni matone matano. Jioni fundi amechoka, msimamizi yuko upande wa pili, basi badala ya kupaka gundi mgongo wote wa bamba anaweka matone matano — manne pembeni, moja katikati. Anabonyeza. Linashika. Kwa macho huwezi kujua kitu. Litashika mwezi, litashika mwaka, huku mlango unabamizwa kila siku.

Najua kwa sababu nimewahi kufanya. Jiko la hoteli, mwaka wangu wa nne kazini. Niliweka Jumatatu, nikajua Jumatatu hiyo hiyo, nikaogopa kumwambia msimamizi. Bamba likaanguka Alhamisi, begani kwa mpishi. Mkono wake haukupanda tena kupita sikio. Sijawahi kumwambia mtu, wala binti.

Sasa hivi kaingia. Hata mkoba hajautua.

Baadaye. Aliniuliza nimeuonaje. Nikasema mzuri mno mwanangu, sijapata kuona. Kweli tupu. Akanikumbatia, akalia begani kwangu, mtu mzima mwenye wafanyakazi arobaini chini yake! Akasema miaka miwili alikuwa akinisubiri mimi tu. Kisha, huku anapangusa pua: hukugonga?

Nikasema sikugonga.

Alhamisi, 5 Juni

Debe tupu haliachi kuvuma. Na uongo wangu nao umevuma kutwa nzima.

Mchana kaja kula nyumbani, ana furaha, anaongea na chakula mdomoni kama zamani. Jumamosi kutakuwa na kwaya ya watoto wa shule, arobaini. Wataingilia mlango wa pembeni. Wamewekewa benchi pale wakae wasubiri zamu yao! Kwake hilo lilikuwa jambo la kupendeza.

Nilifungua mdomo mara mbili. Mara ya kwanza simu ikalia, mkuu wake, anampongeza. Mara ya pili alikuwa anacheka, nikashindwa. Yule msimamizi niliyemwogopa ujanani alikuwa na masharubu na matusi. Huyu nilimzaa mwenyewe, na namwogopa zaidi.

Ijumaa, 6 Juni

Nimemwambia. Asubuhi, akiwa anafunga kamba za viatu, maana akisimama hashikiki. Mabamba sita, mlango wa pembeni, juu ya benchi. Matone matano. Nikamwambia na habari ya mpishi.

Alibaki ameinama, kamba mkononi. Nilidhani ataanza na ukuta. Hapana. "Ulisema hukugonga." Hilo ndilo lililomuuma kwanza. Nikasema nilidanganya, mwanangu, nisamehe.

Ndipo msimamizi akaamka ndani yake. Walipima! Bamba moja katika kila kumi, kwa mashine, fomu ipo na sahihi yake ipo chini. Kidole changu na mashine yake, nani ataaminiwa? Leo, siku moja kabla? Nikasema sijui nani ataaminiwa. Najua tu nilichosikia. Nikasema pia kwamba ukuta ule ndio mzuri kuliko vyote nilivyoviona maishani, hata wale wa alama ya samaki wangevua kofia, na kwamba hayo yote mawili ni kweli. Akaondoka bila chai. Lifti ikashuka naye.

Nimefagia nyumba nzima. Ilikuwa safi.

Saa tano. Karudi! Kofia ya kazi kichwani, hakuniamkia, hakuketi. Sarafu yako iko wapi? Nikampa. Akaigeuzageuza, akaona pale ukingo ulipolika. Nikaanza kumweleza, usiikamate kwa nguvu, iache ilegee. Akainua mkono. Nisimwambie chochote. "Ulisema bafuni ni vitatu. Usinionyeshe vilipo." Akaingia, akafunga mlango.

Basi naandika, nisije nikapiga kelele.

Alipokuwa na miaka sita alikuwa akija nilipo, anachukua sarafu hii hii, ananiomba nimfundishe kusikiliza. Nikamfukuza kila mara. Nenda kasome, magoti yangu yanatosha ukoo mzima! Akaenda, akasoma. Mtiifu. Kosa langu hilo nalo halina alama.

Anagonga. Anaikamata kwa nguvu mno, sauti inakufa. Tok tok tok, haraka haraka, kama anayedai kufunguliwa. Mtoto wa nyoka ni nyoka, hana subira, kama mimi.

Amepita vyote viwili vya nyuma ya mlango. Amevipita! Nimeuma ulimi.

Kimya. Nadhani ameketi sakafuni.

Ameanza upya. Pole pole safari hii. Ameilegeza, naisikia inaruka. Kizima. Kizima. Kizima. Amefika nyuma ya mlango. Amesimama. Amerudi kwa kizima, amegonga, amerudi tena kwa hicho. Tena.

"Mama! Ni hiki?"

Nasimama, magoti haya, na kabla sijafika mlangoni nasikia amekwishagonga cha pili.