Uliyemlilia Si Mimi

Kwa kaka yangu Hutiya, mjumbe wa mfalme wa Mitani,
Washukani.

Salamu nyingi, kaka. Natumai barua hii itakukuta umeshafika nyumbani, umeshaoga vumbi la njia na miguu yako imeacha kuvimba. Wifi yangu hajambo? Watoto hawajambo? Na mama je, magoti yake bado yanamsumbua wakati wa baridi? Ukitaka kujua hali yangu, mimi huku ni mzima wa afya. Na hapo ndipo pagumu, kwa sababu mwezi uliopita ulivushwa mto ukaonyeshwa kaburi langu.

Kaa chini kwanza. Mwandiko huu unaujua, maana wewe ndiye uliyenifundisha herufi kwenye tope la mfereji, ukinipiga vidole kila nilipokosea. Usimwite mtu, na mama usimwite kabisa. Soma mpaka mwisho, halafu ukasirike. Barua nimeifunga ndani ya ganda nene la udongo, na aliyeibeba ni mchunga farasi wa kwetu asiyejua kusoma. Yeye anadhani ni orodha ya dawa za kwato.

Unakumbuka tulivyoondoka miaka kumi na mmoja iliyopita, wanawake mia tatu nyuma ya binti mmoja. Mama alikubali niende kwa sababu ya ahadi moja tu: mtumishi ambaye hajaolewa huku, siku bibi yake akifariki, anarudishwa kwao. Alinirudia neno hilo mpaka langoni. Nami nikamcheka, nikamwambia anamwombea binti wa mfalme kifo kabla hata hajapanda gari.

Sitakuficha, kaka, Misri tuliikuta imeshiba. Hata mbwa wake hawagombei mfupa. Mfalme wa hapa hapigani na mtu. Anajenga, anaandika barua na anaoa, na kwa hayo matatu amepata mali kuliko babu zake walivyopata kwa mikuki. Kila mfalme anamwita ndugu yangu. Huyu analeta shaba, yule farasi, mwingine mawe ya buluu, na wote wanaondoka na dhahabu huku wakinung'unika kuwa ni kidogo. Sisi wanawake wa kigeni tulikuwa mafundo ya kamba hiyo ya undugu. Tulipewa vyumba vyenye bata waliochorwa ukutani, mkate mweupe, bia, vitunguu, samaki wa kukaushwa, na kazi ya kuwepo.

Yule binti wa mfalme wetu, Bibi Alai, alikuwa na miaka kumi na mitano tulipofika. Mumewe, mfalme wa hapa, alimwona mara mbili, na mara ya pili mzee alikuwa anasinzia. Wenzetu walitawanyika polepole. Wengine waliolewa na maaskari, wengine walipelekwa kufuma kitani katika miji ya kaskazini, na kila aliyeondoka aliondoka na sehemu ya lugha yetu. Mwishoni tulibaki wawili. Tulikuwa tukisemezana mambo ya kijinga kabisa, nani alikuwa na pua kubwa Washukani, nani aliiba jibini la nani, ili tu midomo isisahau. Macho yake yalipoanza kuuma nikawa namwandikia barua za kwao. Yeye anasema, mimi nachoma udongo kwa kijiti.

Akafa, Hutiya. Miaka miwili iliyopita, mto ulipofurika na mbu wakaingia. Homa ya siku nne tu. Siku ya nne aliniomba nimwambie tena habari za yule mwenye pua, nikamwambia, na kabla sijamaliza nikajua kuwa naongea peke yangu.

Alasiri ile akaja mzee Nebsen, msimamizi wa nyumba ya wanawake. Ni mtu wa kiburi chake, lakini siku hiyo aliketi sakafuni. Aliniambia kuwa mfalme wetu wa zamani, baba yake Bibi Alai, alikuwa mgonjwa huko Washukani, na Wahiti walikuwa wamekwisha kumpelekea zawadi wakimtaka aache urafiki na Misri. Alisema habari ya kifo ikifika wakati huo, watu wataapa kuwa msichana amelishwa sumu, na kamba itakatika. Akauliza ni nani aliyekuwa akiandika barua za Bibi Alai. Nikasema ni mimi. Akasema, kwa sauti ya mtu anayeomba chumvi kwa jirani, niendelee kuziandika mpaka msafara mmoja tu upite.

Msafara mmoja ukawa miwili. Maiti ilihitaji jina la kuzikiwa, ikapewa langu. Mimi nikapewa nywele zake za bandia, wanja wake, kiti chake na pete zake, ambazo zilinibana. Wajumbe wa kwetu walipokuja nilisimamishwa katikati ya wake wa mfalme, nao wakainama, wakaenda zao. Wangejuaje? Kwetu binti wa mfalme hafichuliwi mbele ya mwanamume. Watu waliotumwa kumtazama hawakuwahi kumwona hata kisigino. Na sheria ya hapa ni kwamba mke wa mfalme hamjibu mgeni kwa kinywa chake, msimamizi humjibia. Kwa hiyo kazi yangu ilikuwa kunyamaza, na kunyamaza nilikuwa nimekwisha kukuzoea.

Tangu hapo sijazungumza Kihuri chetu na mtu. Nikisokota nyuzi huhesabu kwa sauti, moja mpaka mia, kwa lugha yetu, na wajakazi wa Kimisri hudhani ni maombi. Nikilala upande huu naona bata wa ukutani, nikigeuka naona bata wengine. Kuna siku, kaka, nilimwonea wivu Bibi Alai. Lakini kila asubuhi nilikuwa najiambia jambo moja, kwamba kichwa changu bado ni kikavu. Yeye ndiye aliyemwagiwa mafuta ya ndoa, si mimi. Vazi ni lake, kiti ni chake, ila kichwa ni cha binti wa mama yangu, na kichwa kikavu kinaweza kurudi nyumbani.

Ndipo zikaja habari kuwa mfalme wa zamani amefariki, mwanawe ameketi, na mfalme mpya anataka kufunga undugu upya. Atamtuma mjumbe amwagie dada yake mafuta kichwani mara ya pili, kwa mkono wa mtu wa kwetu, mbele ya mabwana wa Misri. Nebsen alinisomea barua hiyo kwa furaha. Alipofika kwenye jina la mjumbe nikamwomba asome tena.

Sikutarajia kama ungekuwa umenenepa hivyo! Uliingia ukumbini ukitembea kama baba, mguu wa kulia ukitangulia kwa hasira, na chupa ya mafuta umeikumbatia kwa mikono miwili usije ukaiangusha. Nilikujua kabla hujapita nguzo ya kwanza. Wewe ulinitazama usoni, ukaona wanja na nywele za bandia tu, ukashusha macho kwa adabu, ukaanza kusema. Tarjumani alikuwa akirudia kila neno kwa Kimisri, nami nilikuwa natamani apaliwe.

Ulisema mfalme mpya anamsalimu dada yake. Ukasema tangu undugu huu ulipofungwa, vijana wa nchi hawajaitwa vitani, mwaka wa kumi na moja huu. Mfereji wa chini umechimbwa, ng'ambo ile ya mto iliyokuwa magugu sasa ni shayiri tupu, na wafanyabiashara wanalala njiani bila kuweka mlinzi. Halafu ukatoka kwenye maneno uliyotumwa, nikaona jinsi mjumbe mwenzako alivyokukazia macho, ukasema hata wewe mwenyewe una wana watatu, na hakuna hata mmoja anayejua kushika upinde. Ulisema hivyo huku ukicheka. Wana watatu! Nilikuacha huna ndevu.

Kisha ukapiga goti karibu. Ulisema ulikuwa na dada aliyemtumikia Bibi, jina lake Winirke, na kwamba jana yake ulionyeshwa kaburi lake. Ulimshukuru Bibi kwa kumzika vizuri. Ukauliza, kama si kumkosea adabu, je, kabla ya kufa alisema neno lolote la kumpelekea mama.

Nilikuwa umbali wa mkono mmoja. Niliona kovu lako la kidevuni. Nebsen akanijibia. Alisema ndiyo, alimsalimu mama yake. Ukaitikia kwa kichwa mara nyingi, ukapangusa pua kwa mkono kama mtoto, halafu ukasimama ukamwaga.

Ulizidisha, Hutiya. Umezaliwa huna kipimo. Mafuta yalipita nywele za bandia, yakanishuka masikioni, yakaingia machoni na wanja ukatiririka mpaka kwenye kifua cha kitani. Mabwana wa Misri walisema baadaye kuwa Bibi wa Mitani alilia kwa kukumbuka kwao. Wakasifu. Kiganja chako ulikiweka juu ya kichwa changu, ukasoma maneno yote ya kaka kwa bibi harusi bila kuruka hata moja, na mimi niliyasikia.

Sasa nikuambie lile ambalo ndilo limenifanya niandike, maana hayo mengine ungeweza kumlaumu Nebsen. Usimlaumu. Siku uliyofika, kabla hata hujapewa maji, ulianza kuniulizia langoni. Nebsen akanijia. Yeye alitaka kukuambia kuwa nimepelekwa kufuma kaskazini, siku nyingi za mashua, na kwamba sipatikani. Mimi ndiye niliyekataa. Nilimwambia huyu namjua, alimtafuta mbuzi wetu aliyepotea siku tatu milimani akarudi hana viatu. Atapanda mashua. Ataulizia kila kiwanda cha kitani, na siku moja atampata mtu anayekumbuka kuwa Winirke hakuletwa huko. Mwambieni amekufa, nikasema. Mvusheni mto, mwonyesheni kaburi.

Kwa hiyo ni mimi niliyekuliza. Ningeweza kuomba nikuone faraghani, wala sikuomba. Niliogopa, kaka. Niliogopa kuwa ningekuona tu, ningeshika vazi lako na kusema nipeleke nyumbani, nawe ungenipeleka, na kiangazi kijacho wanao wangefundishwa upinde. Usidhani mimi ni mwema sana. Jioni ile nilikuchukia wewe na wanao na shayiri yenu. Nilivunja bakuli. Lakini ulipoinua chupa, hakuna aliyenishika shingo. Niliinamisha kichwa mwenyewe.

Basi sasa siwezi kurudi, hata wakinifungulia milango yote. Mwanamke aliyemwagiwa mafuta na kaka yake ana kwao kupya, hilo unalijua kuliko mimi. Bibi Alai naye usimwonee choyo kwa machozi uliyommwagia kwa kukosea. Hakuwa na mtu wa kumlilia isipokuwa mimi, na mimi nilikatazwa kufanya hivyo kwa sauti.

Ninalokuomba ni hili. Mama usimwambie kuwa mimi ni hai. Mama hajui kunong'ona, na kisimani watu wana masikio. Mwache alie. Lakini najua umempelekea habari ya binti aliyekufa na kichwa kikavu, na binti wa namna hiyo kwetu hatajwi kwenye karamu ya wafu. Nenda kamwambie ulisahau jambo moja. Mwambie niliolewa. Mwambie nilimwagiwa mafuta kama inavyotakiwa, kwa mkono wa mtu wa nyumbani, na maneno yote yalisemwa. Akikuuliza una hakika gani, mtazame machoni umwambie una hakika, maana utakuwa hudanganyi.

Udongo wa barua hii sikuuchoma motoni. Ukimaliza kusoma, itie ndani ya birika la farasi, koroga kwa mkono, itakwisha yote.

Nisalimie wifi yangu. Nisalimie wale watatu, kama salamu ya mtu yeyote tu. Mama mshike mkono ukipata nafasi. Na karamu ya wafu ikifika, mkiketi na kumimina bia, ukifika kwenye jina langu usilipitie harakaharaka. Liseme kwa sauti, ulikalie kidogo. Huku hakuna anayeniita hivyo tena, na ningependa kujua kwamba mahali fulani, mara moja kwa mwaka, ninaitwa.

Ni mimi dada yako,
Winirke.