Nyasi Chini ya Bomba

Kwa kaka yangu mpendwa, uliyelala nyuma ya kanisa la Ukata,

Baada ya salamu, ambazo sijui zitakufikiaje, nashika kalamu kukuletea lalamiko. Naliandika wazi, alisome kila apendaye, kwa kuwa majirani wote wamekwisha kulisikia, na wasiolisikia wamelinusa. Bomba la maji machafu ulilomjengea mama limeziba mara ya nne tangu tukuzike.

Mara ya kwanza nililizibua kwa mwanzi mrefu, ukavunjikia humo humo. Mara ya pili nilikusudia kufunua chemba, lile shimo la matofali ulilolifunika kwa zege. Lakini mfuniko uko wapi? Ulikuwa fundi mwashi uliyefunzwa misheni, kaka, nawe hukuacha mchoro hata mmoja. Nilichomachoma ardhi kwa mtaimbo siku mbili nzima, nikaukuta chini ya migomba ya mama. Nilipoufunua, chemba ilikuwa karibu tupu. Maji hayakuwa yakifika; kizibo kilikuwa huko juu, kabla ya chemba.

Hivyo, lilipoziba mara ya tatu, nilihitimisha kwamba kosa ni la mama, ambaye huosha buni zake karibu na karo, pale maji machafu yanapoingilia bombani. Niliandika tangazo kwa hati yangu nzuri, ile ninayowaandikia watu maombi yao kwa Bwana Shauri, mkuu wa wilaya: "Kuanzia leo ni marufuku kabisa kumwaga maganda ya kahawa, majivu au makombo ya ugali katika karo hili. Kwa amri." Nikalipigilia misumari mlangoni, na kwa kuwa mama hasomi, nikamsomea nikiwa nimesimama.

Alinisikiliza hadi mwisho. "Kwa amri ya nani?"

"Ya nyumba, mama."

"Basi nyumba na ibaki na amri yake."

Akachukua jembe lake na kanga mbili, akahamia kwa dada yetu, Litembo. Jumapili zikapita tatu. Watu waliniuliza mlangoni mwa kanisa kama ni kweli nimemfukuza mama kwa karatasi. Naye hayupo, bomba likaziba tena! Hapo maganda ya kahawa yakakosa kesi ya kujibu, nami nikaazimia kufukua bomba lote, kuanzia chembani kupanda nyumbani.

Kwenye kipande cha tatu nilikuta bomba limebonyea, kiungo kimeachama, udongo umeingia. Chini yake palikuwa na nyasi nyeusi zilizooza, zimepangwa kwa mistari iliyokatana miraba. Mpangilio ule niliujua.

Unaikumbuka siku ile. Ulikwenda kufuata saruji, ukaniagiza nishindilie sakafu ya mtaro na kumwaga mchanga. Udongo ulikuwa tifutifu, na mteremko wetu unaujua. Nami kwa kujiona mwerevu nikakata nyasi, nikazipanga kama tunavyozipanga wanaume shambani kabla wanawake hawajazifukia kwa udongo na kuacha mashimo katikati, kilimo chetu cha ngolo. Nyasi za ngolo hushika udongo usikimbie na mvua, nikasema na bomba litashikwa. Sikukumbuka kwamba nyasi za ngolo huwekwa ili zioze. Nikazifukia vizuri kwa mchanga.

Uliporudi ukauliza, "Umeshindilia?"

"Nimeshindilia, kaka."

"Kweli?"

"Kaka, mimi si mtoto."

Ukalaza mabomba.

Nikaendelea kufukua ili nilione kosa langu lote. Nyasi zilifika kipande cha sita, zikakoma. Kutoka hapo hadi ukutani, kila kiungo kilikalia matofali yaliyojengewa kwa saruji, na juu ya saruji palikuwa na ule mfuo wa kidole gumba chako. Nami nilitandika nyasi mtaro mzima.

Nilikwenda Litembo bila karatasi yoyote. Mama alikuwa akipepeta maharage.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, Bwana Karani. Umeniletea amri nyingine?"

"Nimefukua bomba."

Ungo haukusimama. "Umekuta nyasi."

"Ulijua, mama?"

"Kaka yako alifukua upande wa nyumba wiki ile ulipopeleka barua za watu Songea. Mimi ndiye niliyemkorogea saruji. Akasema, 'Mama, usimwambie, atakonda kwa aibu.' Upande wa pili angeumaliza, ugonjwa ukamwahi."

"Na siku ile ya tangazo, mbona hukusema?"

"Nilikuwa nimemwahidi."

Sasa, kaka, nauliza kwa heshima zote: nani alikuomba unihurumie? Aibu ya alasiri moja ningeistahimili. Badala yake uliniacha nimsomee mama hukumu ya kosa langu mwenyewe, naye akaibeba hadi Litembo kwa ajili ya neno alilokupa. Nimekukasirikia, na hasira hiyo haijaisha.

Vipande vilivyobaki nimevijengea matofali. Nimeshindilia mpaka viganja vikatoka malengelenge. Mama alirudi Jumamosi. Tangazo alilikuta limekwisha kung'olewa. Alisimama karoni na beseni la maji ya kuoshea buni, akanitazama.

"Nimeyachuja," akasema. "Nimwage?"

"Mwaga, mama."

Nikakimbia chembani, nikainua mfuniko, nikainama. Kwanza kimya. Kisha nikayasikia yanakuja.

"Yamefika?" akapaza sauti kutoka nyumbani.

"Yamefika, mama!"

"Haya. Mwandikie kaka yako."

Basi nimekuandikia. Yamefika.

Ndimi mdogo wako, aliyesema ameshindilia.