Mkanda wa Mashine Uko Ghalani Kwangu

Dada Kezia, sina mwingine wa kumwambia maneno haya, kwa hivyo naomba unisikilize mpaka mwisho ndipo unikaripie.

Mimi ni mjane wa hapa Migori, Mwadventista, na marehemu mume wangu Omwenga aliniachia mashine ya kusaga unga, lakini shemeji yangu Bichage anasema waliinunua pamoja, basi tukafika kortini Homa Bay, na hakimu akasema mpaka kesi iishe hakuna kati yetu wa kuigusa, akamweka Bwana Nicodemus Wangwe awe msimamizi, aiendeshe na kuitunza kwa niaba ya korti, nami nikamkabidhi ufunguo lakini sikumwambia kwamba ninao wa pili.

Sasa Dada, tangu tuoane, kila Ijumaa kabla jua halijatua marehemu alikuwa akivua mkanda wa mashine na kuuleta nyumbani, asije mtu akasaga siku ya Sabato, na alipofariki niliendelea vivyo hivyo, lakini Bwana Wangwe ni Mkatoliki, akasema Jumamosi watu wanatoka mpaka Ogwedhi na mahindi yao, mashine itafanya kazi, basi Ijumaa ile mikono yangu ikafanya ilichozoea, nikafungua, nikavua mkanda, nikaufukia kwenye lundo la nafaka ya wimbi ghalani, nikijiambia Jumapili asubuhi nitaurudisha.

Jumapili nilimkuta Bwana Wangwe na askari mlangoni pa mashine, nikarudi na mkanda kikapuni, nikaufukia tena, na tangu siku hiyo mashine imelala na lawama zote amebebeshwa Maroa, yule Mkuria anayeiendesha, kwa kuwa ndiye aliyefunga mlango Ijumaa, na ameitwa mbele ya hakimu mwisho wa mwezi. Alikuja kwangu, kofia mkononi. "Mama, mimi sijui hii maneno kabisa," akasema. "Mkanda niliwacha hapo tu. Wewe ni mtu wa kanisa, niombee." Nami nikamwombea, Dada, tumesimama hatua chache kutoka ghalani.

Nikisema, Bichage atapata la kusema na hakimu atampa mashine, na wanangu watakula nini? Nisiposema, Maroa atafungwa. Mlango ukibishwa tu nadhani ni askari. Nifanye nini?

Nyanchama

Nyanchama, pole kwa msiba na kwa hofu hiyo. Pole yangu inaishia hapo, maana umenikasirisha.

Mashine hiyo kwa sasa si yako wala si ya Bichage. Iko chini ya korti, na kuvua kitu pale bila ruhusa ni kumdharau hakimu, hata kama mwishowe itakuwa yako. Unamwona Wangwe kama adui, lakini aliwekwa ili Bichage naye asiing'oe akaenda nayo. Mtu analinda mali ya wanao, wewe unamficha ufunguo! Na habari ya Sabato, si ungemwandikia hakimu ukamweleza desturi ya nyumba yenu? Labda angekataa, lakini ungekuwa umeuliza.

Usingoje mwisho wa mwezi. Siku unaposoma gazeti hili, chukua mkanda na ufunguo wa pili, umpe Wangwe mkononi mbele ya mchungaji wako, kisha mwende Homa Bay ukaseme kwa kinywa chako mwenyewe. Usiutupe mlangoni ukakimbia, maana watasema Maroa ndiye aliyeurudisha. Bichage atasema, ndiyo, mwache aseme. Huenda hakimu akakutoza faini, na siwezi kukuahidi kwamba hutaaibika. Ila anayejileta mwenyewe husikilizwa kuliko anayeletwa na askari.

Lakini kabla hujaenda kwa Wangwe, mwite Maroa. Alikuja kwako kutafuta msaada, ukafumba macho ukamwomba Mungu ampe, na msaada wenyewe ulikuwa chini ya wimbi lako. Msimame pale pale mlipoombea, ufukue akiona.