Kiarabu cha Mama Mbele ya Kamera

Azaiba, Maskati

Dada yangu Balqis,

Shikamoo, na salamu za mtu mwenye hamu nawe sana. Goti lako laendeleaje? Na wajukuu je? Sisi hapa wazima, alhamdulillahi, ila mimi nnapasuka kwa hasira, na wa kumwambia ni wewe tu.

Kazi yangu unaijua. Tangu Ami, ndugu yake Baba, anipeleke Uingereza nikiwa mdogo, nimeongoza vipindi vya televisheni vya kila namna: polisi, hospitali, vichekesho, mapishi, mpira, hata wanasesere wa watoto. Waingereza walikuwa wakisema kipindi kikiwa kigumu apewe Khattab, hashindwi. Basi nimeshindwa na mama yangu mzazi!

Nilimwambia nimetumwa na televisheni ya London nije nirikodi maisha yake ya Unguja, kabla hajahamia huku Maskati. Daktari keshasema kumbukumbu zake zinapungua, na mwenyewe nnaona, juzi kaniita kwa jina la marehemu Baba. Ndiyo maana nna haraka. Lakini kila nikiwasha kamera, Mama ananivalia dhahabu zake zote, anakaa wima kama yuko mbele ya waziri, anaanza kusema Kiarabu cha taarifa ya habari! Mimi Kiarabu changu ni cha kuombea maji. Maha, binti wa marehemu kaka yetu, ananifasiria huku anacheka: ati bibi anaishukuru Serikali, anasifu barabara. Barabara, Dada! Mara jirani anabisha hodi, kahawa imiminwe, halua ifunuliwe, na taa zangu zinawaka bure. Nikizima tu, Mama ananiuliza kwa Kiswahili safi kama nimekula. Nikimwomba aseme vivyo hivyo kwenye kamera ananing'akia, Kiswahili ni cha ndani, mtu hatoki mbele za watu na nguo za kulalia.

Jana nilichoka. Nikaitia kamera mkobani kwa ghadhabu, nikamwambia kweli, na wewe nnakwambia sasa. Hakuna televisheni iliyonituma. Mwaka wa tatu huu hakuna anayenipigia simu, wanataka vijana. Filamu hii haina mwenyewe ila mimi, nilitaka nibaki na sauti yake.

Nilidhani atanifukuza. Akanitazama, akavua bangili moja moja, akasema kumbe ni mimi tu nnayetaka kumsikiliza, mbona sikusema siku zote hizo. Akaanza. Kiswahili chetu, Dada, na matani yake yale, mpaka Alasiri. Kamera imo mkobani na mimi sikuthubutu kuinuka.

Akahadithia siku uliyozaliwa wewe. Mvua inanyesha, mkunga haonekani, Baba yuko shamba, kisha mlango ukagongwa. Hapo hadithi ikamponyoka. Akaniuliza nani aliyeingia. Mimi sijui, lakini wewe alikuhadithia mara ngapi utotoni! Aliniuliza tena jana usiku, na leo asubuhi tena.

Njoo, Dada, umjibu wewe, kabla hajasahau kuuliza.

Maha anakuamkia, nami nnawasalimu wote hapo nyumbani, wakubwa kwa wadogo.

Ni mimi ndugu yako,
Khattab